Boy, mwigizaji aliyelipwa nyama

Elsa unayemwona kwenye sinema si simba mmoja. Filamu ya Born Free, iliyozinduliwa London mwezi Machi 1966, ilitumia simba zaidi ya 20 kusimulia maisha ya simba jike mmoja aliyelelewa Isiolo. Kila mmoja aliletwa mbele ya kamera kwa lile alilokuwa radhi kulifanya siku hiyo: huyu kucheza na watu, yule kukimbia, yule mwingine kulala tu asisumbuliwe. Elsa mwenyewe alikuwa amekufa miaka mitatu kabla upigaji picha haujaanza.

Huo ndio mtindo wa filamu za hatari popote duniani. Stelingi anachukua jina na sifa. Anayeruka kutoka ghorofani, anayepinduka na gari na anayeshika moto ni mtu mwingine, na kazi ya mpiga picha ni kuhakikisha uso wake hauonekani. Watoto waliokulia kwenye mabanda ya video wanaijua sheria moja ya sinema, kwamba stelingi hafi. Ni nadra kumsikia mmoja wao akiuliza ni nani aliyevunjika mguu kwa niaba yake.

Mmoja wa walioifanya kazi hiyo kwenye Born Free alikuwa simba dume aliyeitwa Boy. Maisha yake yanajulikana karibu hatua kwa hatua, kuanzia kambi ya jeshi, kupitia sinema, hadi kifo chake mwaka 1971, na sehemu kubwa yake inatuhusu sisi wa upande huu wa Mlima Kenya kuliko tunavyokiri.

Simama Kiirua, pale mashamba ya viazi ya Buuri yanapoanza kuteremka kuelekea nchi kavu, na jukwaa lote la hadithi hii limekuzunguka. Chini kwenye joto ni Isiolo, kilipokuwa kituo cha George Adamson, ofisa wa wanyamapori wa iliyokuwa Wilaya ya Mpakani ya Kaskazini. Ukizunguka mlima kwa upande wa magharibi, kupitia Timau na Nanyuki, unafika Naro Moru, ambako filamu ilitengenezwa. Ukielekea mashariki, ukaivuka Nyambene na kuteremka kutoka Maua, unaingia Mbuga ya Meru, ambako baadhi ya waigizaji wale wenye kucha waliachiliwa. Lakini hata huku kwetu hadithi yenyewe husimuliwa kama ya Wazungu wawili na paka wao mkubwa.

Sehemu ya Elsa inajulikana, kwa hiyo nitaipita upesi. Mwezi Februari 1956 Adamson alimpiga risasi simba jike aliyemvamia, kisha akagundua alikuwa na watoto watatu wachanga. Wawili walipelekwa bustani ya wanyama ya Rotterdam, Uholanzi. Mdogo kuliko wote akabaki na George na mkewe Joy huko Isiolo, na baadaye wakamfundisha kuwinda na kumwachilia katika nchi ya Meru. Joy alichapisha kitabu mwaka 1960. Tarehe 24 Januari 1961 Elsa alikufa kwa ugonjwa unaoenezwa na kupe, akazikwa kandokando ya Mto Ura. Kitabu kilikuwa kimeshauzwa duniani kote, na watu wa sinema walikuwa njiani.

Walipofika walifanya kosa ambalo mtu yeyote wa mjini angelifanya: walileta simba wa sarakasi kutoka Ulaya, waliofunzwa kutii amri. Haukupita muda ikaonekana kwamba hawafai. Simba wa sarakasi anajua kupanda juu ya kiti na kunguruma akionyeshwa fimbo, lakini filamu ilitaka mnyama anayetembea porini na mwanamke kama rafiki yake, ajilaze miguuni pake, amfuate mtoni. Isitoshe walikuwa wa hatari, kwa kuwa utii wao ulitokana na woga, na woga una mwisho wake. Ndipo wakatafutwa simba wa namna nyingine, waliolelewa na watu lakini hawakufunzwa chochote.

Boy na dada yake Girl walikuwa wa namna hiyo. Walilelewa na kikosi cha jeshi la Uingereza, Scots Guards, kilichokuwa Kenya wakati huo, kama wanyama wa bahati wa kikosi. Walikuwa wamezoea sauti za watu, magari, kelele na mikono ya askari wakiwachezea. Walikuja pia wengine kama Ugas, dume kubwa lenye upole, na Mara. Adamson aliajiriwa kuwa mshauri, na pendekezo lake lilikuwa rahisi kulitamka na gumu kulitekeleza: kusiwe na mafunzo ya mjeledi. Waigizaji waishi na simba, watembee nao kila asubuhi, wacheze nao, mpaka simba wawahesabu kuwa wenzao. Kamera ingesubiri.

Wahusika wakuu, Virginia McKenna na Bill Travers, ambao walikuwa mke na mume hata nje ya filamu, walikubali. Hapa ndipo Born Free inapotofautiana na filamu nyingi za hatari. Hakukuwa na mtu aliyevalishwa wigi la McKenna ili aende kwa simba badala yake. Unapomwona akiwa amelala mchangani, simba amemwekea mguu kifuani, huyo ni yeye, na huyo ni simba mzima mwenye meno yake yote. Upigaji picha ulichukua miezi mingi kwa sababu hiyo. Siku ambayo simba hakutaka kufanya kazi, kampuni nzima ilikaa ikimngoja, nadhani ndio wakati pekee katika historia ya Columbia Pictures ambapo mwigizaji asiye na mkataba aliweza kuwakalisha mabwana wa Hollywood juani bila kuomba radhi.

Ajali haikukosekana. McKenna alivunjika kifundo cha mguu simba alipomrukia. Hakurukiwa kwa hasira, bali kwa mchezo, na hilo ndilo jambo la kulielewa kuhusu kazi hii. Mwigizaji wa matukio ya hatari huanguka kwa makubaliano: anajua ngumi itapita wapi, godoro liko wapi, nani atapiga kelele ya kusimamisha. Mwenzake naye anajua. Ukiweka simba katika makubaliano hayo, upande mmoja haujasoma mkataba. Mnyama wa kilo 180 akicheza na mtu kama anavyocheza na dada yake, mtu anavunjika.

Miaka michache baadaye Wamarekani walijaribu jambo hilohilo bila subira ya Adamson. Filamu ya Roar, iliyotoka 1981, ilitengenezwa na Noel Marshall na mkewe Tippi Hedren kwa makumi ya simba na chui milia waliokaa nao California. Watu zaidi ya 70 waliumia. Mpiga picha Jan de Bont alichunwa ngozi ya kichwa na simba, na binti ya Hedren, Melanie Griffith, akashonwa usoni. Ukilinganisha, kifundo kimoja cha mguu Naro Moru ni ushahidi kwamba mzee Adamson alijua alichokuwa akikifanya. Ila hesabu ya Naro Moru haikufungwa siku kamera zilipozimwa, na wengi wanaoisifu filamu husahau kuendelea kuhesabu.

Kabla ya kufika huko, neno moja kuhusu orodha ya majina kwenye filamu. Waafrika wawili wana nafasi za kuonekana: Peter Lukoye aliyeigiza Nuru, na Omar Chambati aliyeigiza Makedde. Nuru na Makedde wenyewe walikuwa watu wa kweli, wafanyakazi wa akina Adamson. Nuru ndiye aliyekabidhiwa kuwatunza Elsa na dada zake wakiwa wachanga, Makedde akiwa askari wa wanyamapori aliyetembea na bunduki nyuma ya Elsa. Kwenye filamu wamekuwa watu wa kuchekesha kidogo na kubeba vitu. Na jina la mwandishi wa filamu unalolisoma pale, Gerald L.C. Copley, halikuwa la mtu yeyote. Ni Lester Cole, mmoja wa wale kumi wa Hollywood waliofungwa na kupigwa marufuku kwa siasa zao za mrengo wa kushoto, aliyelazimika kuandika kwa jina la uongo. Filamu yenye neno la uhuru katika jina lake ilikuwa na watu wengi waliojificha nyuma yake.

Ikashinda. John Barry alipata Oscar mbili, moja ya muziki wa filamu na nyingine ya wimbo alioutunga na Don Black. Mwaka uleule filamu ilipotoka, 1966, Meru ikatangazwa mbuga ya taifa, kwenye ardhi ambayo baraza la Wameru lenyewe lilikuwa limeitenga kwa ajili ya wanyama mwishoni mwa miaka ya 1950. Fedha za vitabu vya Elsa zilisaidia kuijenga. Kwa hiyo mtu asiseme sinema haikutuletea kitu.

Waigizaji wenyewe je? Adamson, McKenna na Travers waliiomba kampuni iwaachilie simba wale porini, kama filamu ilivyohubiri. Kampuni ikafanya hesabu zake. Simba ni mali, na mali huuzwa. Wengi wao waligawanywa kwenye bustani za wanyama na hifadhi za maonyesho, Mara akiwa miongoni mwa waliopelekwa Whipsnade, Uingereza. Watazamaji wakatoka ukumbini wakijifuta machozi kwa ajili ya simba aliyepewa uhuru, ilhali waliomwigiza walikuwa wakila nyama ya kutupiwa nyuma ya vyuma. Jambo hilo halikuwatoka moyoni McKenna na Travers, na miaka mingi baadaye, 1984, walianzisha shirika lililokuja kuitwa Born Free Foundation, wakapambana na bustani hizo maisha yao yote.

Watatu ndio waliookoka: Boy, Girl na Ugas. Adamson aliwapeleka Meru kuanzia 1965 na kupiga kambi karibu na kilima cha Mugwongo. Alikuwa ameshastaafu kazi ya serikali. Kazi yake sasa ikawa kumfundisha mwigizaji mstaafu maisha ambayo hakuwahi kuyaishi: kunusa upepo, kumzunguka pundamilia, kumwangusha bila kupigwa teke la taya, kujua mpaka wa eneo la madume wengine. Simba anayezaliwa porini hujifunza hayo kwa mama yake kwa karibu miaka miwili. Boy alikuwa na mzee mmoja mwenye ndevu nyeupe na kaptula.

Na kuna kitu hakingeweza kufundishwa, kwa sababu kilihitaji kufutwa kwanza. Simba wa porini akinusa harufu ya mtu huondoka, au walau huhesabu mara mbili. Hofu hiyo ndiyo uzio unaowatenga watu na simba katika nchi kama yetu, na ni uzio usiogharimu serikali hata shilingi. Boy hakuwa nao. Alichaguliwa kwa filamu kwa sababu hakuwa nao. Maofisa wengi wa wanyamapori walilisema hilo tangu mwanzo, kwamba simba aliyezoea watu ni hatari kuliko aliyewachukia, na walionekana wenye roho ngumu kwa kulisema. Mimi nawapenda akina Adamson kama kila mtu aliyesoma kitabu kile shuleni, lakini katika hoja hii siwezi kuwatetea.

Mwaka 1969 hoja ikathibitika. Boy aliliendea gari la Peter Jenkins, mkuu wa Mbuga ya Meru, na kumng'ata mkono mwanawe mdogo, Mark, aliyekuwa ndani. Mtoto akapona. Mradi wa Adamson Meru haukupona. Wakati huohuo Boy mwenyewe akaonekana amelemaa, mguu umevunjika, pengine kwa kuumizwa na nyati. Hapo walimwita Toni Harthoorn na mkewe Sue, madaktari wa wanyama ambao kazi yao ndiyo iliyochochea mfululizo maarufu wa televisheni wa Daktari. Wakampasua, wakaushika mfupa kwa chuma, naye akapelekwa nyumbani kwa Joy kandokando ya Ziwa Naivasha kuuguza jeraha.

Ungekuwa ndio mwisho mwema. Mwigizaji wa filamu za hatari ana umri wa kazi, na umri huo ukipita mwili humdai kila deni. Waulize wanaorushwa kutoka kwenye magari huko Hollywood: magoti, uti wa mgongo, shingo. Boy alikuwa na chuma mwilini, hofu ya watu hana, na kuwinda kwake kulikuwa kwa wasiwasi. Kumrudisha Meru kulikataliwa. Wapo waliotaka auawe. Kwa Adamson hilo halikuwa na mjadala, na mwaka 1970 akapata eneo la Kora, pori la miiba karibu na Mto Tana ambalo hakuna mtu mwingine aliyelitaka. Boy akaenda huko. Akaongezewa mtoto wa simba jike, Katania, na kijana kutoka London aliyeitwa Christian, yule aliyenunuliwa katika duka la Harrods na vijana wawili wa Australia. Miaka ya karibuni video ya Christian akiwakumbatia vijana wale imezunguka kwenye simu za watu hadi vijijini kwetu. Dume mkubwa aliyempokea Christian Kora na kumwonyesha kwamba simba ana adabu zake alikuwa Boy, na yeye hana video.

Kambini Kora alikuwepo Stanley Murithii. Jina ni la huku kwetu mlimani. Alikuwa mpishi na msaidizi wa Adamson. Kambi ilikuwa na uzio wa waya, na kwa kinyume cha tulivyozoea, ndani ya uzio walikaa watu na nje wakakaa simba. Mwezi Juni 1971 Murithii alitoka nje ya uzio. Boy akamkamata. Adamson alisikia mayowe, akakimbia na bunduki, akampiga Boy risasi na kumuua. Murithii hakuishi, alivuja damu akafa kabla msaada wowote haujaweza kufika pori lile.

Adamson aliandika baadaye juu ya siku hiyo, na maumivu yake ya kumuua simba aliyekaa naye tangu Naro Moru ni ya kweli. Sina sababu ya kuyakejeli. Lakini ukisoma masimulizi mengi ya kisa hiki utagundua kwamba Boy ana utoto, ana dada, ana tabia, ana safari. Murithii ana sentensi mbili, na moja kati ya hizo kwa kawaida hueleza kwamba hakupaswa kutoka. Mpishi anawajibishwa kwa kutofuata kanuni, mnyama anaombolezewa, na wale waliotengeneza faida kwa kumfundisha simba kwamba mtu ni mwenzake wa kucheza hawatajwi kabisa, kana kwamba filamu ya 1966 na kifo cha 1971 ni mambo mawili tofauti.

Leo kungekuwa na mahali pa kuanzia kudai. Sheria ya mwaka 2007 ya fidia kwa wanaoumia kazini inamlazimu mwajiri kuwa na bima, na mfanyakazi akifa wategemezi wake wanastahili mapato ya miezi 96. Sheria ya wanyamapori ya 2013 iliweka shilingi milioni tano kwa familia ya mtu aliyeuawa na mnyama, ingawa waliokuwa wakizifuatilia fedha hizo huko Igembe na Tigania wanaweza kukueleza zinavyochelewa. Vijana wetu wanaoalikwa siku hizi kuigiza majambazi kwenye filamu za Nairobi, warushwe juu ya vioo na wagongwe na pikipiki kwa malipo ya siku, wangefanya vyema kuzisoma sheria hizo kabla ya kuzisoma skripti. Mtu aliyeletwa kwa siku moja, bila karatasi ya kazi, ana shida ya kwanza ya kuthibitisha kwamba aliajiriwa.

Yule mtoto aliyeng'atwa mkono alikua. Mbuga ya Meru ilipokuwa imechakaa, baada ya majangili kuwamaliza ndovu wake na mwaka 1988 kuwaua hata faru weupe waliokuwa wakilindwa na askari, aliyepewa kazi ya kuifufua mwanzoni mwa miaka ya 2000 alikuwa Mark Jenkins, katika kiti kilekile alichokalia baba yake. Ukienda leo ukaona faru ndani ya uzio wao, kazi yake imo.

Na Kora nako pengo lilizibwa. Mwaka huohuo wa 1971 kijana Mwingereza, Tony Fitzjohn, alikuwa akitafuta kazi Kenya, akapata habari kwamba Adamson anahitaji msaidizi kwa kuwa aliyekuwa naye ameuawa na simba. Akaenda. Mwaka 1975 naye akararuliwa na mmoja wa simba hao, akafika hospitalini, akapona. Alikaa Kora miaka mingi, kisha akahamia Mkomazi, Tanzania, mwaka 1989, mwaka uleule Adamson alipouawa na majambazi. Aliandika kitabu cha maisha yake na Malkia wa Uingereza akamtunuku nishani. Alifariki 2022, na magazeti ya London yalipomwandikia tanzia hayakusahau kueleza alivyoipata kazi ile.